Stardew Valley: niliinunua kwa ajili ya kulima, kilichonikamata ni kalenda yake

Wadau, hii riviu nimeikalia karibu mwaka mzima, manake kila nikitaka kuandika naona bado kuna kitu sijakielewa vizuri. Gemu inaitwa Stardew Valley, kaitengeneza jamaa mmoja tu wa Marekani, Eric Barone, programu yeye, picha yeye, mziki yeye, alikaa nayo zaidi ya miaka minne mpaka ikatoka kwenye kompyuta Februari 2016, kwenye Android ikafika 2019. Mimi ninayo kwenye simu. Nimelipa dola 4.99 mara moja na basi, hamna matangazo, hamna kuombwa ununue almasi katikati ya mchezo, na ukishaishusha haili bando, unacheza hata ukiwa kijijini ambako mtandao haushiki. Hayo nayaishia hapo kwa sababu watu wengi wameshayasema. Mimi nataka kuongelea kalenda, manake sijaona mtu akiiongelea kwa kirefu na kwa maoni yangu ndiyo roho ya gemu nzima.

Kwa ambao hawajacheza: babu yako amefariki kakuachia shamba, unaacha kazi mjini unahamia huko. Shamba limejaa mawe na magugu, pembeni kuna mji mdogo unaitwa Pelican Town, kuna mchawi kwenye mnara wake msituni, kuna viumbe vidogo vya msituni vinaitwa Junimo vinaishi kwenye jengo la zamani la kijiji, na chini ya mlima kuna machimbo yamejaa madudu. Dunia ya kubuni kabisa. Na dunia hiyo haina Januari wala Desemba. Ina majira manne tu, kila majira yana siku 28, jumla mwaka una siku 112, imeisha hiyo. Majira ndio mwezi. Ukimuuliza mtu tarehe atakwambia "12 kiangazi, mwaka wa 2".

Sasa hapa kwenye majina kuna kitu nikiseme mapema, gemu haina Kiswahili, na majira yake ni ya huko kwao kwenye theluji, sio ya kwetu. Mimi na mdogo wangu tunayaita machipuo, kiangazi, mapukutiko na baridi. Neno kiangazi lilinisumbua mwanzoni, kwetu kiangazi ukikisikia unawaza jua kali, vumbi, visima vinakauka na hakuna mtu anapanda kitu, lakini kule kiangazi ndio mda wa matikiti na nyanya na bluberi, mvua inanyesha na radi juu, shamba linakupa hela kuliko majira ya nyuma yake. Wiki nzima ya kwanza ya kiangazi nilikuwa nasitasita kupanda. Kichwa kilikuwa kinakataa tu. Kwa hiyo anayeanza asahau misimu yetu ya masika na vuli, asome kalenda ya kule kama ilivyo.

Uzuri wake unaanzia kwenye hesabu. Siku 28 ni wiki nne kamili, na wiki yao ina siku saba kama yetu, kwa hiyo tarehe 1 ni Jumatatu. Kila majira. Kila mwaka. Tarehe 7 ni Jumapili, tarehe 10 ni Jumatano, na itakuwa hivo mwaka wa kwanza na mwaka wa hamsini. Yani ukishaijua tarehe umeshaijua siku, hamna kuuliza. Nilipokuwa mdogo nilicheza Harvest Moon kwenye PlayStation, ile ilikuwa na siku 30 kila msimu, na 30 haigawanyiki kwa saba, kwa hiyo tarehe na siku zilikuwa zinakimbizana na sikuwahi kuzishika kichwani. Hapa umetoa siku mbili tu na kila kitu kimekaa kwenye mstari. Kuna watu walishaitaka hii hata kwenye dunia ya kweli, kampuni ya Kodak ilitumia kalenda ya miezi 13 ya siku 28 kwenye mahesabu yake ya ndani kuanzia 1928 mpaka 1989, miaka sitini na kitu, na niliposoma habari hiyo niliwaelewa moja kwa moja, kwa sababu mimi nilikuwa nimeshaishi ndani ya kitu kama hicho kwenye simu.

Kwanini siku ya wiki ina maana? Kwa sababu kijiji kizima kinaishi kwa siku. Duka la mbegu la Pierre linafungwa Jumatano. Fundi wa nyumba, Robin, Jumanne hayupo dukani, kaenda mazoezi na wenzake. Anayeuza kuku na ng'ombe Jumatatu na Jumanne humpati. Mkokoteni wa mchuuzi unaingia msituni Ijumaa na Jumapili tu, kwa hiyo ni tarehe 5, 7, 12, 14, 19, 21, 26 na 28, nimezitaja bila kuangalia popote. Kwenye TV kipindi cha mapishi kinatoa pishi jipya kila Jumapili na Jumatano wanarudia la zamani, na kwa sababu mwaka una wiki 16 basi ndani ya miaka miwili unapata mapishi 32 alafu duru inaanza upya. Unaona jinsi vitu vilivyofungamana. Baada ya majira mawili nikajikuta sisomi tena siku juu ya skrini, naona tarehe 17 kichwa kinaniambia Jumatano, duka limefungwa, leo twende machimboni.

Tarehe 17. Ngoja niisimulie hiyo tarehe kwa sababu ndiyo iliyonifundisha.

Ilikuwa kiangazi cha kwanza. Tikiti linachukua siku 12 kukomaa, mbegu moja 80, tikiti moja unauza 250. Tarehe 16, Jumanne, nikamkimbilia Pierre kabla hajafunga saa kumi na moja jioni, nikanunua mbegu 30, hela karibu yote niliyokuwa nayo, 2,400. Nikarudi shambani nguvu zimekwisha, ule mstari wa nguvu pembeni umebaki kidogo mno, nikasema leo nimechoka, mbegu zikae kwenye sanduku, kesho asubuhi nitapanda. Nikapanda tarehe 17 asubuhi, nikamwagilia vizuri, nikahesabu kwa vidole: 17 moja, 18 mbili, 19 tatu... kumi na mbili ikaangukia tarehe 28. Siku ya mwisho ya kiangazi. Nikatulia.

Tarehe 28 kiangazi usiku kuna sherehe ufukweni, kijiji kizima kinashuka kusimama kwenye gati gizani, meya anasukuma kiboti chenye mshumaa majini na baada ya mda viwavi wa baharini, wale laini kama jeli, wanakuja wanang'aa bluu chini ya maji, wengi mno, mziki unashuka unakuwa mdogo kabisa. Kwa kweli ni moja ya vitu vizuri nilivyowahi kuona kwenye kioo cha simu. Ila asubuhi ile kabla ya kwenda nilikuwa nimeshapita shambani, matikiti yalikuwa makubwa, mviringo unaonekana, lakini hayavuniki. Nikasema labda yanakomaa jioni. Nikaenda sherehe, nikarudi usiku wa manane, nikalala. Nimeamka tarehe 1 mapukutiko, miti yote imekuwa ya rangi ya chungwa, na matikiti 30 yamekuwa vijiti vya kahawia vimelala kwenye udongo. Yote. Nilifyeka moja moja kwa panga na mdogo wangu amekaa pembeni yangu hasemi kitu.

Kosa lilikuwa wapi? Nilihesabu kama tunavyohesabu sisi. Kwetu siku ya kwanza inaingia kwenye hesabu, mtu akifunga ndoa leo fungate inaanza kuhesabiwa leo. Lakini mmea wa kule hauhesabu mchana, unahesabu usiku. Kila ukilala na udongo ukiwa umelowa, mmea unaongeza siku moja. Ukipanda tarehe 17 ukataka usiku 12, unaamkia tarehe 29, na tarehe 29 haipo. Ningepanda usiku ule ule wa tarehe 16, hata saa sita usiku, ningevuna tarehe 28 asubuhi matikiti 30 ya 7,500. Usiku mmoja. Au ningetia ile mbolea ya kuharakisha kabla ya kupanda ningeokoa hiyo siku moja, nayo sikuijua.

Toka siku hiyo tuna daftari. Mdogo wangu kachora kurasa nne, kila ukurasa viboksi 28, mistari minne ya viboksi saba, na kwa chini kaandika siku ya mwisho ya kupanda kila kitu, anachukua 28 anatoa siku za kukomaa. Koliflawa 12, mwisho tarehe 16. Boga 13, mwisho tarehe 15. Viazi mviringo 6, mwisho tarehe 22. Vile vinavyozaa mara nyingi kavitenga: bluberi ukipanda tarehe 1 kiangazi unavuna 14, 18, 22, 26. Kranberi ukipanda tarehe 1 mapukutiko unavuna 8, 13, 18, 23 na 28 yenyewe, mbegu yake ghali, 240, lakini inaanguka kwenye siku ya mwisho kama mtu kapima kwa kamba. Mimi naamini kabisa huyu jamaa Barone alikaa na karatasi akazipanga hizi namba, haziwezi kukutana vizuri hivo kwa bahati.

Alafu angalia anavyoweka sikukuu. Sikukuu ya mayai ni tarehe 13 machipuo, Jumamosi. Siku ya sikukuu duka la Pierre halifunguliwi. Sasa koliflawa uliyopanda tarehe 1 inakomaa tarehe 13 hiyo hiyo, unavuna asubuhi na unataka kupanda tena, mbegu huna na duka limefungwa. Kwa hiyo mkulima anayejua kalenda ananunua mbegu Ijumaa tarehe 12. Na kwenye sherehe yenyewe, pale pale, ndio mahali wanauza mbegu za stroberi, mia moja kila moja. Sherehe ikiisha unajikuta shambani ni saa nne usiku. Ukizipanda usiku huo unavuna mara mbili tu, tarehe 21 na 25. Lakini ukizinunua ukazifungia sandukuni mwaka mzima, ukazipanda tarehe 1 machipuo ya mwaka unaofuata, unavuna 9, 13, 17, 21 na 25. Mara tano. Mimi hiyo sikuigundua, aliigundua mdogo wangu kwa kukaa na daftari lake, akaja kuniamsha kunionyesha, na nilimwelewa.

Kuna kalenda mbili kwenye hii gemu ukiangalia vizuri. Kuna ile ya ukutani nje ya duka la Pierre, ina viboksi na vijipicha vya sikukuu na sura za watu kwenye siku zao za kuzaliwa. Na kuna ile ambayo hakuna mtu kaiandika. Tarehe 15 mpaka 18 machipuo vichaka vinazaa matunda mekundu, ukivitikisa yanadondoka bure, tarehe 19 hamna. Mapukutiko vinazaa tena, matunda meusi, tarehe 8 mpaka 11. Samaki nao wengi wana majira yao na wengine wanataka mvua juu. Hizo huzikuti ukutani, unazijua kwa kukaa pale na kuona, mwaka wa pili ndio unakuwa mwenyeji. Mimi hii nimeipenda kuliko yote manake ndivyo wazee wanavyojua mashamba yao.

Mama yangu analima mboga, bustani sio kubwa lakini anauza. Siku moja kakuta daftari liko wazi mezani akadhani ni la shule. Tukamweleza. Alikaa akaiangalia gemu kama dakika ishirini hivi, akauliza maswali ya maana kweli, kwamba huyu kunguru anakula nini, kwamba mbolea anatoa wapi, alafu akaona ile TV ya kule inavyotangaza hali ya hewa ya kesho na kesho yake ikawa vile vile. Akasema, "Huyu ana raha mwanangu. Mvua yake ikiahidiwa inakuja." Akainuka akaenda zake. Nimekuwa nikiifikiria hiyo kauli kila nikifungua ile TV.

Na mwambao wetu ulikuwa na kalenda ya namna hii ya kazi. Mwaka ulianza Nairuzi, siku zikahesabiwa kumi kumi, kila kumi inaitwa mwongo, miongo 36 inafanya siku 360 alafu zinaongezwa tano unapata 365. Ilibidi iwepo, kwa sababu kalenda ya Kiislamu inafuata mwezi na kila mwaka inarudi nyuma siku kama kumi na moja, huwezi kupandia mtama wala kusubiria kusi kwa Mfungo Mosi. Ndio wakulima na wavuvi wakawa na hesabu yao ya jua pembeni, na Makunduchi kule Unguja mpaka leo wanaukaribisha mwaka huo kwa Mwaka Kogwa kila Julai. Nimeileta hapa kwa sababu nilipokuwa nacheza nilihisi kitu nakijua: siku zinahesabiwa kwa ajili ya kupanda na kuvuna, sio kwa ajili ya mshahara na kodi ya nyumba.

Linganisha na gemu nyingine, Skyrim. Skyrim ina kalenda ya kubuni iliyoandikwa kwa undani sana, miezi 12 yenye majina yake, siku za wiki kuanzia Sundas mpaka Loredas, na hadithi inaanza tarehe 17 ya mwezi wa Last Seed mwaka 201 wa Enzi ya Nne. Majina matamu. Lakini nimecheza masaa mengi mno na sijawahi hata mara moja kubadili mpango wangu kwa sababu ya tarehe. Theluji iko pale pale mwezi wowote, hakuna kinachokufa mwezi ukiisha. Ile ni kalenda ya kusoma. Hii ya Stardew haina hata majina ya miezi, ni majira na namba tu, lakini ukikosea siku moja unafyeka matikiti 30.

Saa yake nayo niiseme. Siku inaanza saa kumi na mbili asubuhi unapoamka, na saa nane usiku kama hujalala unazimia hapo ulipo na unaweza kukatwa hela. Dakika kumi za kule ni kama sekunde saba za huku, kwa hiyo siku nzima ni kama dakika 14, majira ni masaa sita na nusu hivi, mwaka mzima ni kama masaa 26. Ukifungua begi lako saa inasimama. Na tarehe haibadiliki saa sita usiku, inabadilika ukilala. Kumbuka hili, nitalirudia.

Upande wa siku za kuzaliwa namwachia mdogo wangu heshima yake. Ukimpa mtu zawadi siku yake ya kuzaliwa inahesabika mara nane ya siku ya kawaida, na kwa kawaida unaruhusiwa zawadi mbili tu kwa wiki kwa mtu mmoja, kwa hiyo hiyo siku ni dhahabu. Abigail kazaliwa tarehe 13 mapukutiko na anapenda sana boga. Boga ukilipanda tarehe 1 mapukutiko linakomaa tarehe 14. Siku moja baada ya siku yake! Mwaka wa kwanza tulishindwa, mwaka wa pili tukawa tumetunza boga la mwaka jana sandukuni. Na kuna mzee anaitwa Linus, anaishi kwenye hema karibu na mlima, wengi hawamjali. Kazaliwa tarehe 3 baridi, wakati hakuna shamba, kila kitu cheupe. Mdogo wangu alivuna viazi vikuu mapukutiko, akauza vyote, akabakiza kimoja. Nikamuuliza hiki cha nini akasema "cha mtu". Tarehe 3 baridi, Jumatano, duka limefungwa, akapanda mlimani na kiazi kikuu chake. Linus anapenda viazi vikuu kuliko karibu kila kitu. Alikuwa amepanga hiyo siku wiki tatu kabla, mtu mwenye umri wa miaka kumi na tano.

Sasa mapungufu, manake yapo. Ile kalenda ya ukutani inaonyesha majira uliyopo tu, huwezi kufunua ukurasa uone majira yanayokuja, na kwa mchezo unaokutaka upange mbele hili naliona ni kasoro kubwa. Haikuonyeshi duka lipi limefungwa lini. Haikwambii mmea wako utakomaa lini. Ukitaka kalenda ya kutundika nyumbani kwako unainunua kwa Robin 2,000, mwanzoni hiyo ni hela ya maana, mpaka uipate kila siku unatembea mpaka mjini kuangalia. Daftari letu limezaliwa hapo. Na kuna mbegu ya kabichi nyekundu ambayo Pierre haiuzi mpaka mwaka wa 2, sasa kwenye vifurushi vya jengo la kijiji, yale mafungu ya vitu unavyowakusanyia Junimo, kabichi hiyo inatakiwa, na usipobahatika kwenye mkokoteni mwaka wa kwanza basi umesubiri kiangazi cha pili. Anayependa kumaliza haraka itamkera. Mimi haikunikera, nilisubiri.

Kingine miaka inaenda lakini watu hawakui. Wale watoto wawili, Vincent na Jas, mwaka wa pili ni wadogo vile vile. Miti inazaa, nyumba inapanuka, tarehe zinaenda, wao wako pale pale. Unazoea lakini nilitamani walau wapande darasa. Ila kuna jambo moja mwaka unalileta na lilinigusa sana. Vincent baba yake ni mwanajeshi, mwaka wa kwanza wote hayupo, yuko vitani, nyumbani kuna mama na kaka yake tu. Tarehe 1 machipuo ya mwaka wa 2 baba anarudi. Hamna kazi unayofanya ili arudi, hulipi kitu, humalizi kifurushi chochote. Ni kalenda tu imefika. Tulikuwa hatujui, tukaingia kwenye ile nyumba tukamkuta mtu mgeni anaitwa Kent, ikabidi turudi nyuma kusoma maneno ya mkewe upya.

Na mwaka wa 3 tarehe 1 machipuo ndio siku ya babu. Mzimu wa babu unarudi kuangalia ulichofanya na shamba lake miaka miwili, na kwenye madhabahu yake inawaka mishumaa kulingana na kazi yako, ikiwa minne ndio juu kabisa. Ukikosa unaweza kumwita tena baadae kwa kutoa almasi, kwa hiyo sio mwisho wa dunia, lakini kila mtu anataka ile ya kwanza.

Kwa anayeuliza anunue au asinunue: nunua, na kabla hujapanda mbegu ya kwanza chora viboksi 28. Zile mbegu 15 za pasnipu wanazokupa siku ya kwanza, za kama karoti nyeupe, zipande siku hiyo hiyo umwagilie kila siku, utavuna Ijumaa tarehe 5. Simu ya kawaida inatosha, yangu ni ya miaka minne sasa na haikwami. Toleo la 1.6 lilifika kwenye simu Novemba 2024 na limeongeza sikukuu ya jangwani tarehe 15 mpaka 17 machipuo, na limeleta zao moja linaloota kwenye theluji, kwa hiyo baridi siku hizi sio kukaa bure kabisa.

Sisi tuko tarehe 28 baridi, mwaka wa 2. Tumekuwa tarehe hiyo kwa wiki tisa. Mdogo wangu yupo bweni, aliondoka likizo ilipoisha na usiku wa kabla ya kuondoka alinishikisha simu akaniambia, "Kaka, usilale bila mimi." Hakumaanisha kulala kwangu, alimaanisha kule. Kwa sababu nikilala ni mwaka wa 3 na babu anakuja. Kwa hiyo nafungua, naangalia ng'ombe, nawalisha, nazima, na nikifungua tena ni asubuhi ile ile ya Jumapili tarehe 28, theluji ile ile, mkokoteni uko msituni. Shule inafunga Ijumaa ijayo. Mbegu 60 za stroberi ziko kwenye sanduku la kwanza ukitoka mlangoni, hazijaguswa.